Fundi Aliyejua Kabati la Glasi

Walikutana kwenye duka kubwa, jioni ya mwisho wa mwezi, watu wamejaa hadi mlangoni. Yeye, ofisa wa bima, sketi nyeusi na viatu vya kisigino, aliinama kuchukua aiskrimu ya vanila akakanyaga buti lililojitokeza chini ya friza.

"Taratibu, madamu," sauti ikatoka sakafuni. "Huo mguu bado nautumia."

Fundi wa friji akajivuta nje, ovaroli ya bluu, grisi shavuni, tabasamu lisilo na haraka. Ofisa alicheka kabla hajajua kwa nini. Mpaka anafika kulipa, namba ya fundi ilikuwa kwenye simu yake.

Simu zikaanza. Asubuhi Fundi anauliza amelalaje, mchana anauliza amekula nini, jioni hana cha kuuliza ila anapiga tu. Fundi alimwita Madamu, naye akaitwa Baridi Wangu. Kila kitu kilikwenda vizuri isipokuwa kimoja: ofisini Fundi hakutajwa hata siku moja. Wenzake ofisa wa kazini walikuwa wameolewa na mameneja na madaktari. Yeye angeanzia wapi kumtaja fundi wa friji?

Jumamosi moja Fundi alipitia nyumbani kwa ofisa akitoka kazini, na mfuko wa machungwa, amtengenezee sheki ya aiskrimu. Alinawa hadi viwiko, akafunga aproni ya maua ya ofisa juu ya ovaroli. Akakwaruza ganda la chungwa, ile rangi ya juu tu, maana sehemu nyeupe inatia uchungu. Akakamua machungwa na limau moja, akachuja mbegu, akaiweka juisi kwenye friza ipoe. Kwenye blenda akatia aiskrimu nyingi na maziwa kidogo.

"Juisi inaingia mwisho, kidogo kidogo," alisema. "Ukianza na maziwa na limau peke yao, yanakatika."

"Na mimi na wewe je?"

"Sisi tumeshachanganyika zamani."

Mlango ukagongwa. Walikuwa mkuu wa kitengo cha ofisa kazini na mwenzake wa meza ya jirani, wanapita tu, wakaona wasalimie. Walipokaa sebuleni, blenda ikaanza kunguruma. Mkuu akanyoosha shingo kuelekea jikoni, akauliza yule ni nani. Ofisa akapaza sauti ili aishinde blenda.

"Ni fundi tu, amekuja kuangalia friji."

Blenda ilizimwa akiwa katikati ya maneno. "Amekuja kuangalia friji" yakabaki peke yake sebuleni, kwa sauti ya kumwita mtu aliye ng'ambo ya barabara.

Jikoni kabati la glasi likafunguliwa, glasi zikagongana, na Fundi akatoka na sinia. Sheki ilikuwa nzito, rangi ya krimu, ikinukia ganda la chungwa.

"Friji imepona, madamu," alisema bila kumtazama. Akavua aproni, akabeba boksi lake la vifaa, akawaaga wageni kwa adabu. Wageni waliisifu sheki kupita kiasi. Ofisa aliiacha yake mezani. Masikio yalimwaka kama amepigwa kofi.

Alipiga simu usiku kucha. Kesho yake ikapokelewa.

"Friji ina shida gani, mteja?"

"Friji haina shida, mwenye shida ni mimi. Nisamehe, mpenzi."

"Kwenye simu mpenzi, mbele za watu fundi tu. Mimi nikae wapi?"

Akakata.

Jumatatu wakati wa chai, ofisa aliwaambia wale wawili kwamba yule fundi alikuwa mpenzi wake na yeye alidanganya. Mwenzake akashusha pumzi.

"Tulijua. Fundi gani anafungua kabati la glasi bila kuuliza?"

Mkuu akaongeza kwamba njia nzima alikuwa akimhurumia yule kijana. Kwa hiyo uongo ule haukumdanganya mtu. Ulimuumiza mmoja tu. Aibu ikamshika upya, mbaya kuliko ya kwanza.

Aliomba ruhusa, akaulizia mpaka akampata Fundi kwenye bucha, akitengeneza feni ya chumba cha baridi. Foleni ilikuwa ndefu.

"Huyu nani, fundi?" mwenye bucha akauliza, kisu mkononi.

Fundi alimtazama ofisa. Angeweza kusema ni mteja.

"Muulize mwenyewe."

"Mimi ni mpenzi wake," ofisa alisema. "Nilimkana mbele ya wenzangu kwa sababu ya ovaroli. Kama bado ananitaka, nipo. Kama hanitaki, ana haki."

Mtu mmoja kwenye foleni akakohoa. Fundi akaegemeza ngazi ukutani, akaijaribu kwa mguu.

"Inayumba," alisema. "Nishikie."

Akapanda. Ofisa akaikumbatia ngazi kwa mikono yote miwili, blauzi nyeupe kwenye grisi, bucha zima likimtazama, na hakuiachia.