Ndeshi Hayumo

Miaka ile ya Mwingereza, gari la sinema likiingia soko la Arusha, hata aliyeleta kuku aliwasahau kuku wake. Ndeshi naye, na gauni lake jipya la maua ya njano, alikuwa akitazama gari badala ya njia. Akajikwaa kwenye waya, ndizi zote chini!

"Pole, dada. Lakini umenichomolea spika yangu," alisema kijana mmoja wa kaptula ya kaki, akiokota ndizi.

"Ungepitisha waya wako kwingine. Au soko ni lako?"

"Bado. Nipe mwaka mmoja."

Huyo ndiye Sifael, mtu wa Machame. Alianza kazi kwa kuosha gari hilo, akapandishwa kuwasha jenereta, kisha akapewa kipaza sauti awaeleze watu kwa Kiswahili yale wanayoyaona. Siku hiyo ya ndizi alieleza vibaya, maana macho yake hayakuwa kwenye picha. Mvua mbili hazijapita, wakawa wapenzi.

Alipopelekwa Dar es Salaam kujifunza kamera, alikuwa akipiga simu dukani kwa Abdulrahim, na Abdulrahim humwita Ndeshi kwa sauti ya kusikika soko zima.

"Mpenzi, wamenipa picha niiongoze mwenyewe! Kahawa ya Meru. Na mchumaji ni wewe."

"Mimi? Na mikono hii?"

"Hiyo hiyo. Ila ikiharibika, mabwana wakubwa watanirudisha kuosha gari. Ikifaulu, nakuja kwa baba yako."

Walipiga picha siku tatu shambani kwa Mzee Sadoki, baba yake Ndeshi. Sifael alisema nyuma ya kamera: "Chuma tu, mama. Usitazame huku." Ndeshi aliona anachuma vizuri kabisa.

Picha ilipoletwa Arusha, Ndeshi alialika kwaya nzima ya kanisani. Mzee Sadoki alivaa koti lake la harusi. Giza lilipoingia, kahawa ikaonekana kwenye shuka la sinema, vikapu vikaonekana, hata jirani yao Lydia akaonekana, ameinamia matawi.

"Ndeshi yuko wapi?" watu wakanong'ona.

Ndeshi hakuwamo. Picha ikaisha, Mzee Sadoki akainuka akaenda zake, na Ndeshi akatamani ardhi immeze. Alijua sasa: Sifael amekuwa mkubwa, anamwonea haya mbele ya wazungu. Simu ikaja kesho yake.

"Mwambie sipo!"

"Amekwisha kusikia sauti yako, binti," alisema Abdulrahim.

"Basi mwambie nimekufa."

Jumapili ya pili, baada ya ibada, Sifael alisimama uani kwa Mzee Sadoki na jani la sale mkononi. Kwa watu wa milima hii, anayeomba msamaha na sale hafukuzwi.

"Shikamoo, baba. Naomba chumba chenye giza."

Wakaziba madirisha kwa mablanketi. Jenereta ya gari la sinema ikanguruma nje, mwanga wa mashine ukagonga ukuta, na Ndeshi akajiona. Anachuma kahawa mbili, anainua uso, anatabasamu. Kipande kingine: anachuma, anainua uso, anatabasamu. Vipande kumi na kimoja, vyote hivyo hivyo.

"Katika kazi yetu, anayepigwa picha hatazami kamera," alisema Sifael. "Akitazama, kipande hukatwa. Nilikata kwa mkono wangu, na nilikuwa nalia."

"Mimi sikutazama kamera," Ndeshi alisema, machozi yakimtoka. "Nilikuwa nakutazama wewe."

"Najua. Nikaona huko kutazama si mali ya serikali, nikavichukua vipande."

Mzee Sadoki akakohoa gizani. "Kijana, umekuja kuonyesha picha au kuposa?"

"Kuposa, baba."

"Basi ondoa mablanketi, tuonane."

Picha ile ya kahawa ilipotea zamani, na Sifael naye amelala Machame, chini ya migomba ya kwao. Vipande vimo ndani ya kopo la biskuti. Mashine ya kuvionyesha hakuna tena, kwa hiyo Bibi Ndeshi huviinua dirishani, upande wa jua. Wajukuu humwuliza kwa nini babu, aliyepiga picha za watu wengi hivyo, hana hata moja yake mwenyewe.

"Anayo," huwajibu. "Huyu hapa ninayemchekea."