Aliniacha kwa Kura ya Uingereza

Nina umri wa miaka sitini na minane, ninaishi Hayes, London, na nina watoto wawili wakubwa. Wasomaji wenzangu, mimi niliachwa na mume wangu kwa sababu ya kura... Si kura ya Unguja. Kura ya Uingereza! Chekeni, na mkimaliza kucheka mnisikilize.

Masoud alinioa Unguja, miaka mingi baada ya Mapinduzi, tukaja huku pamoja. Yeye alipakia mizigo uwanja wa ndege, mimi nilifunga vyakula vya abiria. Kwetu tuliacha jamaa waliosusiana mpaka maziko kwa ajili ya vyama. Nilidhani hayo tumeyaacha forodhani. Kumbe mwenzangu kayatia ndani ya sanduku lake!

Jimbo letu la uchaguzi lilikuwa la watu wa viwandani. Tangu hatujafika, chama cha rangi nyekundu ndicho kilichoshinda, hata majirani wakisema kikisimamisha kiti, kiti kitachaguliwa. Kisha viwanda vikaanza kufungwa, watu wakakasirika, wapinzani wao, chama cha buluu, wakalinyakua. Tangu hapo kila uchaguzi watu roho juu.

Mwaka wa kisa changu wekundu walimsimamisha mwalimu mmoja wa kike. Nilimjua. Dari la chumba cha watoto lilipoporomoka kwa maji, yeye ndiye aliyekwenda nami ofisi ya nyumba za manispaa, akakaa nami kwenye benchi mpaka tukasikilizwa. Masoud siku hiyo alikuwa na shughuli... Shughuli gani? Ya barazani!

Baraza yao ilikuwa Hounslow, nyuma ya duka la Mhindi mmoja wa Mombasa. Huko wanaume wetu walikubaliana kuwa ni buluu, na Masoud akawaahidi kwamba nyumba yake haina kura mbili. Aliporudi kunipa amri, nilicheka. Nikamwambia huyo buluu wake amepita mtaani kwetu akisema watu kama sisi tumezidi. Akasema hayo ni maneno ya kampeni tu.

Habari zikafika barazani kuwa mkewe kakataa. Wakamtania wee! Na mwanamume wetu kutaniwa kwa ajili ya mkewe, mnajua wenyewe inavyomchoma.

Asubuhi ya uchaguzi alisimama mlangoni na koti lake, watoto wanakunywa chai.

"Ukimpigia mwalimu wako," alisema, "basi talaka yako moja hiyo."

Akatoka. Binti yangu Salha alikuwa amesikia yote. Watoto wa huku Kiswahili wanakielewa, lakini jawabu lao ni Kiingereza.

"Just tell him you didn't, Mum. It's secret."

"Kwa baba yako siri, mwanangu. Kwa Mungu si siri."

Mnaiona shida yangu? Talaka ya sharti haingoji mume ajue. Sharti likitimia, imeshapita. Ningempigia mwalimu kisha nikanyamaza, ningelala na mtu ambaye si mume wangu. Ningempigia buluu, ningelala na mume wangu huku nikijua kuwa hata kidole changu si changu. Ningekaa nyumbani nisipige, ningekuwa nimemtii vilevile. Ningefanya nini mimi?

Nikavaa buibui langu, nikaenda shuleni walikoweka masanduku. Nikampigia mwalimu!

Masoud aliporudi nilimwambia mwenyewe, kwa kinywa changu. Nilitumaini atanirejea. Talaka ilikuwa moja tu, eda ipo, neno lake lingetosha. Hakulisema. Alingoja nimwombe radhi. Radhi ya nini? Na eda yangu haijaisha, akaoa mke mwingine!

Shoga zangu wakaacha kunialika shughulini, eti nitawafundisha wake za watu ujeuri. Nililia kazini, juu ya trei za vyakula vya watu wanaokwenda likizo. Niliumia, wallahi, kwa sababu nilimpenda yule mtu.

Na mwalimu? Alishindwa! Uchaguzi uliofuata ndio akashinda, akalishika jimbo mpaka akastaafu. Kisha wakubwa wakachora mipaka upya. Jimbo letu wakalikata vipande, kila kipande wakakitia katika jimbo la jirani, na jina lake likatoka kwenye ramani.

Mwaka jana tulikutana nje ya ukumbi wa harusi, Ilford, tunangoja magari. Masoud amezeeka, na mke yule alishamkimbia zamani. Akaniambia kwa sauti ya chini kuwa jimbo lenyewe halipo tena, tuligombana bure, kwa nini tusirudiane?

"Wamelifuta jimbo, Masoud," nilimjibu. "Mimi hawajanifuta."

Waume, nawasihi... msiiweke ndoa rehani kwa wagombea wasiojua hata majina yenu. Wakishindana leo, kesho wanakunywa chai pamoja, na nyinyi mnabaki na nyumba tupu. Na nyinyi wanawake wenzangu, asije mtu akawaahidi barazani bila ya kuwauliza. Uchungu wake ninaujua, na sitaki mwingine aujue.

Sasa nimetiwa katika jimbo jipya ambalo jina lake hata kulitamka ni kazi. Uchaguzi ukija, nitakwenda asubuhi mapema kabla foleni haijawa ndefu.