Maana ya Rahamaumivu

Mchomelea vyuma aliingizwa wodini akipiga kelele, mkono umeungua mpaka kiwikoni. Mliwazi, mashine ya kutuliza maumivu, akateleza kwenye reli yake ya darini, akamshukia taratibu, akamvisha utepe wa neva kwenye paji la uso na kumgusa shingoni kwa kidole cha mpira. Kelele zikakatika katikati ya tusi. Yule bwana akautazama mkono wake uliobabuka kana kwamba ni wa mtu mwingine, akaulizia chai.

Katika hospitali ya Kilima cha Nyuki, mjini Tabora, hakuna aliyeshangaa. Enzi za sindano zilikuwa zimepita. Zamani dawa kali za maumivu ziliibwa na kuuzwa vichochoroni, na wapo walioigiza ugonjwa kwa ufundi kuliko waigizaji wa kulipwa ili tu wachomwe. Ndipo wahandisi wa Tabora walipounda mashine yenye masikio mawili. Sikio la kwanza, utepe wa neva, lilisikiliza mwili na kujua umeumia kiasi gani. Sikio la pili lilisikiliza maneno ya mgonjwa na kupima kama yanatoka moyoni. Mwongo hakuambulia kitu. Mkweli alipata dawa kabla hajamaliza kulalamika. Taa ya Mliwazi ikiwaka nyekundu, mgonjwa anahudumiwa. Ikiwaka kijani, mgonjwa hana haja.

Nyamizi Kapalata alipita kando ya kitanda cha mchomelea vyuma akitabasamu. Alikuwa na haki ya kutabasamu. Yeye ni mtaalamu wa istilahi, na kazi yake ilikuwa kuzipa akili unde za hospitali maneno ya Kiswahili ya kila maradhi na kila hali ya mwili. Waliwazi wote wa nchi waliongea kwa maneno yaliyopitia mezani kwake. Mama yake alilazwa wakati yeye yuko Kampala kikazi, saratani imemwingia kwenye mifupa, lakini kila alipopiga simu alijibiwa, "Nashukuru, mwanangu." Basi alimaliza kazi zake kwa utulivu, akapanda treni ya angani, akaja na maembe na uji wa ulezi kwenye chupa.

Alimkuta mama yake ameuma upindo wa kanga.

"Shikamoo, mama."

Bi Siwema akautoa upindo mdomoni. Ulikuwa umelowa, tena umetoboka. "Marahaba, mwanangu. Umeshakula?"

"Nimekula. Mama, unajisikiaje?"

"Nashukuru."

Jasho lilimtiririka mpaka kwenye masikio. Mkono wake mmoja ulishika chuma cha kitanda kwa nguvu, vidole vimekuwa vyeupe kwenye viungo. Nyamizi alimfahamu mama huyu. Aliwahi kuvunjika mguu kisimani akarudi nyumbani akichechemea na ndoo imejaa, na alipoulizwa akasema ameteleza kidogo.

"Maumivu je?"

"Yapo. Usiku na mchana yapo. Lakini namshukuru Mungu, niko radhi na alichonipa."

Mliwazi aliyening'inia juu ya kitanda akawaka taa ya kijani.

Nyamizi aliitazama ile taa. Akamwita muuguzi, binti mpole anayeitwa Yunge, akamvutia pembeni na kumuuliza kwa nini mama yake hapewi dawa.

"Hajawahi kupewa, dada," Yunge alisema kwa sauti ya chini. "Tangu alipolazwa. Hata mimi niliuliza. Mliwazi anasema bibi ana rahamaumivu."

Neno lile Nyamizi alilijua vizuri, kwa sababu alilizaa yeye.

Lilikuwa katika orodha ya maneno ya tiba ya akili. Asili yake ni neno la Kigiriki, nusu yake ni maumivu, nusu ni ashiki, na maana yake ni hali ya mtu kupata raha ya kimwili kutokana na kuumizwa. Nyamizi aliunganisha raha na maumivu, akapata rahamaumivu, na kamati nzima ikapiga makofi. Neno lilivuka haraka hadi mitaani. Shabiki wa timu inayofungwa kila Jumamosi aliitwa mgonjwa wa rahamaumivu. Mwanamke aliyemrudia mume aliyemfukuza mara tatu aliambiwa hivyo hivyo, na wenzake wakacheka huku wakimsonya.

Kuunda neno kulikuwa rahisi. Kasheshe ilikuja kwenye kulieleza. Kamati ilikuwa na mashehe wawili, padri mmoja, profesa aliyekaribia kustaafu na mama mmoja wa makamo ambaye kila ilipotajwa ashiki alianza kutafuta miwani yake. Hakuna aliyetaka jina lake likae chini ya sentensi yenye maneno kama yale. Profesa akakohoa, akasema, "Bi Nyamizi, tutafutie namna ya kulisitiri." Naye Nyamizi, hodari wa tafsida, akaandika maana ambayo ingeweza kusomwa mbele ya wakwe: *Hali ya mtu mwenye maumivu makali kuwa radhi nayo na kuyashukuru.* Wote wakashusha pumzi, wakaagiza chai. Binadamu yeyote anayejua Kiswahili angelielewa lililofichwa. Mashine haijui kusitiriwa. Ilisoma ilichoandikiwa.

Nyamizi alirudi kitandani, akainua uso. "Mliwazi, kwa nini humpi mgonjwa huyu dawa?"

"Mgonjwa ana rahamaumivu," Mliwazi alijibu kwa sauti yake laini, ya kike, iliyotengenezwa ili isimtishe mtu. "Neva zake zinaonyesha maumivu ya juu. Maneno yake yanaonyesha kwamba yuko radhi na anashukuru, na maneno yake ni ya kweli. Mgonjwa wa namna hii hanyang'anywi anachokitaka."

"Hakitaki!"

"Nimemuuliza kila asubuhi. Kila asubuhi ameshukuru."

"Hiyo maana imekosewa. Mimi ndiye niliyeiandika."

"Maana hubadilishwa na kamati. Mgonjwa pia anaweza kuikanusha kwa kinywa chake mwenyewe, akitamka kwamba hayuko radhi."

Yunge alisema madaktari hupitia mashauri ya namna hiyo asubuhi tu, nao hufuata anachosema Mliwazi, na wauguzi walinyang'anywa funguo za dawa tangu Waliwazi walipokuja. Nyamizi akampigia mhandisi Lutege, mkuu wa mitambo ya Waliwazi, akamweleza. "Nyamizi," Lutege alisema, "neno hilo liko katika kila wodi ya nchi hii." Akaahidi kuikusanya kamati. Akasema itachukua mpaka jioni.

Na jioni ilikuwa mbali. Bi Siwema alikuwa amerudisha upindo wa kanga mdomoni, na sauti iliyotoka nyuma yake ilikuwa ndogo, ya kujizuia, kama ya mtoto aliyekatazwa kulia.

Nyamizi akapiga magoti. "Mama, nisikilize. Hii mashine inadhani unayapenda maumivu. Iambie hauko radhi. Sema hivyo tu, upewe dawa."

"Niseme siko radhi?" Bi Siwema alimtazama kama aliyeambiwa avue nguo sokoni. "Na nani? Maradhi haya nimepewa na nani?"

"Ni maneno tu, mama."

"Hakuna maneno tu."

"Kwa ajili yangu. Tafadhali."

Bi Siwema akafumba macho. Alikuwa mwanamke wa kuwapa watoto wanachoomba. "Siko radhi," akasema, upesi upesi, kama anayetema kitu kichungu.

Taa haikubadilika. "Maneno na moyo havilingani," Mliwazi akasema. "Kauli haipokelewi."

"Umeona?" mama akasema. "Hata yenyewe inajua. Sina ugomvi na aliyeniumba." Kisha maumivu yakamkamata upya, akajikunja, na yalipomwachia alikuwa akihema mdomo wazi. Aliuliza bila hasira, kwa mshangao wa kweli, "Ni nani aliyeifundisha kwamba mtu akishukuru basi anafurahia? Ametoka wapi mtu huyo? Hana wazazi?"

Nyamizi angeweza kunyamaza. Mama asingejua kamwe.

"Ni mimi, mama."

"Wewe?"

"Kulikuwa na neno la mambo ya chumbani. Tuliona haya kulieleza. Nikalifunika kwa maneno mazuri. Radhi, shukrani. Sikufikiria."

Bi Siwema alianza kucheka, na kicheko kikamuumiza, kikageuka kitu kingine. "Mliona haya," alisema. "Kumbe nimelala hapa nikijiuliza nimemkosea nini Mungu, kila mtu anatulizwa ila mimi. Nimemshukuru mpaka ulimi umechoka, ili anionee huruma. Kumbe ni wewe na haya zako."

Nyamizi alilia. Aliushika ule mkono uliokuwa umeng'ang'ania chuma, akauweka kwenye kichwa chake mwenyewe. Hapo ndipo alipopata wazo, na lilimtisha.

"Basi usimwambie Mungu," alisema. "Niambie mimi. Huna ugomvi na aliyekuumba, lakini aliyekunyima dawa yuko hapa mbele yako. Kuwa na ugomvi na mimi."

Muuguzi Yunge, aliyekuwa amesimama mlangoni, aligeuza uso, kwa sababu alielewa kinachoombwa. Mzazi akimwambia mwanawe kwamba hayuko radhi naye, neno hilo halikai hewani. Watu wameharibikiwa na ndoa, na biashara, na akili, na majirani wakasema wameikosa radhi ya mama.

"Unajua unachonitaka?"

"Najua."

"Ulipokuwa mdogo ukanivunjia sinia la harusi yangu, sikulisema. Ulipoolewa bila kunishirikisha, sikulisema."

"Najua, mama. Sema leo. Ukipata nafuu utanifutia. Utanitemea mate ya baraka, tutacheka."

"Nikipata nafuu," mama alirudia.

Maumivu yakaja tena. Safari hii hakuuma kanga. Alimkazia macho binti yake, na machoni mwake pakaingia kitu ambacho Nyamizi hakuwahi kukiona kwa mama yake, hata siku za njaa, hata siku ya msiba wa baba. Alilisema neno polepole, kila sehemu mahali pake.

"Nyamizi. Siko radhi nawe."

Taa ikageuka nyekundu papo hapo. Kidole cha mpira kikashuka, kikamgusa Bi Siwema shingoni, na mwili mzima ukalegea kama nguo iliyoanuliwa kambani. Makunyanzi ya paji la uso yakafunguka. Mkono ukaachia chuma. Alimtafuta mwanawe kwa macho mazito, midomo ikacheza, na Nyamizi akasogeza sikio karibu kabisa. Aliisikia pumzi tu. Dawa ilikuta mwili uliochoka mno, ikampeleka usingizini moja kwa moja.

Nyamizi alikaa kwenye kigoda akisubiri aamke. Yunge alimletea maji, hakuyanywa. Kutoka vitanda vya jirani alisikia wageni wakiuliza hali na wagonjwa wakijibu. Nashukuru. Sijambo kidogo, nashukuru. Tunamshukuru Mungu, tuko radhi. Aliinua macho, akaona taa za kijani zimepangana darini mpaka mwisho wa wodi, na ilimbidi azibe masikio.

Bi Siwema hakuamka. Alikata roho alasiri, uso wake umetulia.

Kamati ilikutana jioni ile. Safari hii neno ashiki liliandikwa wazi, na hakuna aliyetafuta miwani. Lutege alimsimulia Nyamizi baadaye, bila kumwangalia usoni, kwamba alikuwa amesimama katika chumba cha mitambo maana mpya ilipotumwa. Kwenye ramani ya nchi, taa za kijani ziligeuka nyekundu wodi baada ya wodi, Kigoma, Songea, Pemba, na simu zikaanza kuingia kutoka kwa wauguzi waliotishika. Walisema wagonjwa waliokuwa wametulia kwa miezi wameanza kulia kwa sauti kilio walichokuwa wamekimeza, wakiwa tayari wameshapewa dawa.

Katika matanga, shehe alimwita Nyamizi faraghani. Habari zilikuwa zimemfikia. Alimwambia asijitese, mama yake alikuwa mtu wa ibada, na neno alilolisema lilikuwa la kuidanganya mashine. Neno la ulimi bila nia halimfungi mtu, halimpati mtu. Mama amekufa yuko radhi naye.

"Nashukuru, shehe," Nyamizi alisema.

Alirudi kwenye mkeka akaketi na wanawake wengine. Alitaka sana kuamini, na mchana alifaulu kwa muda. Lakini mama alilitamka neno lile mara mbili siku ile. La kwanza halikuwa na nia, na Mliwazi alilikataa. La pili alilipokea.