Uso Uliosuguliwa kwa Wavu

Kila asubuhi kabla ya shule, Angèle alioga nyuma ya nyumba yao katika mtaa wa Nyakasanza, mjini Bunia, akijisugua kwa kipande cha wavu wa kuvulia samaki. Mama yake, Monique, aliuza samaki waliotoka Kasenyi, ziwani, na nyavu zilizochakaa alizikata akawagawia watoto. Vumbi jekundu la Bunia lilitoka lote. Kisha walijipaka mafuta ya kokwa za mchikichi mpaka wakang'aa, maana mtoto asiyeng'aa huonekana kama hana mama.

Alipofikisha miaka kumi na mitatu, vipele vilimjaa usoni. Lionel, aliyekaa nyuma yake darasani, alimchungulia.

"Angèle, uso yako iko sawa barabara ya Kasenyi. Hata pikipiki inaweza kuanguka mule."

Darasa lilicheka. Rafiki yake Gentille alimnong'oneza kwamba vipele ni uchafu, ajisugue zaidi. Angèle alimwamini, tena alikuwa na haraka, kwa kuwa sikukuu ya parokia ilikaribia, na kwa mara ya kwanza angecheza ngoma ya misa katika mstari wa mbele wa wasichana, karibu na altare. Bernadette, mwalimu wao wa kucheza, alikuwa amesema kwamba atakayeugua atabadilishwa.

Akajisugua asubuhi na jioni, hadi damu ikatoka. Akaificha kwa mafuta. Vipele vikaongezeka, na kimoja kando ya pua kikavimba, kikawa cha moto. Mama alipouliza, alijibu kwamba ameumwa na mdudu.

Jumamosi, wiki moja kabla ya sikukuu, jicho la upande ule lilifunguka kwa shida. Angèle alijifungia chumbani, akachukua pini. Pini ilikuwa karibu kugusa ngozi mama aliposukuma mlango.

"Weka ile pini chini."

"Mama, tukienda kwa munganga, wataniondoa kwenye mstari."

Mama aliichukua pini. Alimpakia kwenye pikipiki ya kukodi, wakaenda kituo cha afya.

Muuguzi Dorothée alimkagua, akauliza alichofanya. Angèle alilia, akasema yote, hata uongo wa mdudu.

"Ngozi iko na vitundu vidogo sana, vinaitwa vinyweleo," Dorothée alisema. "Mafuta ya mwili hupitia humo. Unapokua, mafuta huzidi, vitundu huziba, kipele hutoka. Hakuna uchafu. Wavu ulichana ngozi, vijidudu vikaingia, na mafuta uliyopaka yakaziba vitundu zaidi."

Alimpa dawa, akamkataza kutumbua kipele, hasa karibu na pua, maana ugonjwa unaweza kufika jichoni na hata ndani ya kichwa. Aoshe uso kwa viganja, maji na sabuni laini, asubuhi na jioni, basi. Homa ikija, arudi mara moja.

Wiki hiyo Angèle alitazama mazoezi akiwa ameketi, huku msichana mwingine akicheza mahali pake. Uvimbe ulishuka polepole mno. Ijumaa jicho lilifunguka lote. Bernadette alimwinua kidevu, akamkagua jicho, akamrudisha mbele.

Siku ya sikukuu, mlangoni mwa kanisa, nyuso za wenzake ziling'aa kwa mafuta. Uso wake ulikuwa mkavu, na vipele kadhaa vilibaki.

"Mama, watu wataona?"

"Wataona. Hivyo ni vya umri yako, mwanangu, si aibu. Ule uongo wa mududu ndiyo ungetunyang'anya jicho. Kitu ikikuuma, uniambie mimi kwanza."

Ngoma ikalia. Angèle akainua uso, akaingia akiwaongoza wenzake.