Pazia la Mama Mkwe

Risasi ya tatu ilipita juu ya kichwa chake.

Thadeus Obwocha hakugeuka. Alijitupa katikati ya michai, akatambaa kwa viwiko, kisha akainuka na kutimua mbio kuteremka mlima. Bastola yake, Walther PPK, ilikuwa imekwisha risasi. Mfukoni alibaki na kitu kimoja tu cha maana: ufunguo mdogo wa shaba aliotoka kuuiba.

Ilikuwa Alhamisi, mwaka wa 1971, saa nane na dakika arobaini mchana.

Saa kumi kamili, sanduku la chuma lililofichwa chini ya boila la kiwanda cha chai kule bondeni lingelipuka. Lilikuwa na saa ndani. Ufunguo ule pekee ndio ungeweza kulifungua na kuisimamisha saa hiyo.

Saa moja na dakika ishirini. Kilomita nne. Na nyuma yake mtu mwenye AK-47.

Mtu huyo Obwocha alimfahamu vizuri mno. Kwa miezi saba yeye, afisa wa siri wa polisi, alijifanya mwalimu wa shule ya msingi na kuhudhuria kikundi cha kusoma cha Ombati Machogu. Machogu alisoma miaka mitano Ulaya Mashariki, akarudi na shahada, koti zito lisilofaa hali ya hewa ya Kisii, na Umaksi kichwani. Kila Jumanne alisimama mbele ya watu tisa na taa ya karabai, akafundisha. Warusi, alisema, waliwategemea wafanyakazi wa viwandani. Wachina wakawageukia wakulima. Wacuba wakaonyesha kwamba kikundi kidogo chenye bunduki kinaweza kuwasha moto bila kungoja nchi nzima iwe tayari.

Sasa sisi je? Hapo ndipo Machogu alipokwama. Huku mtu huyo huyo anachuma majani kwenye shamba lake asubuhi, na jioni anaenda kuchochea boila kwa mshahara. Huyo ni mfanyakazi au ni mwenye mali? Machogu alijikuna kichwa miezi saba bila kupata jibu.

Ndipo akaja Dakta Werner, mzungu aliyejiita mtaalamu wa udongo. Yeye alikuwa na jibu fupi. Kilo kumi na mbili za baruti.

Ubaya wa kazi hii ni kwamba Obwocha alikuwa amempenda Machogu. Hakupenda kukiri hivyo, lakini ndivyo ilivyokuwa.

Risasi ya nne ikararua mkono wa koti lake na ngozi kidogo. Mbele kukatokea nyumba ya mabati, dirisha la mbao likiwa wazi. Obwocha hakubisha hodi. Aliruka, akaingia, akaanguka sakafuni, akafunga dirisha kwa komeo.

"Wewe ni mtoto wa nani?"

Mwanamke wa miaka sitini hivi alikuwa ameketi kitandani akiambua maharagwe. Kitandani! Obwocha alitazama kitanda, kanga iliyoanikwa kwenye kamba, Biblia juu ya mto, akahisi uso ukimwaka moto. Alikuwa ameingia chumba cha kulala cha mama wa watu.

Kwa Wagusii, mwanamume aliyekwisha kutahiriwa haingii mahali wanapolala wazazi wake, wala wa rika lao. Hiyo huitwa chinsoni, heshima iliyochanganyika na aibu, na mtu huinyonya pamoja na maziwa. Obwocha aliwahi kuvuka mipaka ya nchi tatu kwa pasipoti bandia bila kutokwa na jasho. Sasa alitokwa na jasho.

"Nisamehe, mama. Mimi ni mtoto wa Onsongo wa Nyamira. Kuna mtu anataka kuniua."

"Naona damu. Geuka ukutani."

Aligeuka ukutani, kama mtoto aliyekosea darasani.

Nje, viatu vilisimama uani. Kisha ikasikika sauti ambayo Obwocha hakuitegemea kabisa. Ilikuwa ya Machogu, lakini ndogo, ya kunyenyekea.

"Hamjambo hapa nyumbani, mama."

"Hatujambo, baba. Abigael hajambo?"

"Hajambo. Amepeleka majani kiwandani leo."

Obwocha alifumba macho. Abigael alikuwa mke wa Machogu. Basi huyu aliyeketi kitandani alikuwa Esnah, mama mkwe wake.

Kama kuna chumba duniani ambacho Machogu hangeweza kukiingia, kilikuwa hiki. Mlango wenyewe haukuwa mlango, ulikuwa pazia la maua lililoning'inia kati ya chumba na sebule. Mtoto angelisukuma kwa kidole. Machogu hangelisukuma, wala hangepiga risasi kulielekea.

Lakini uani alikuwa na bunduki, na kutoka pale aliona mlango wa nje na dirisha pia. Obwocha akitoka, amekufa. Akibaki, saa inakwenda.

"Mama, kuna mtu ameingia humo."

"Yumo. Nimempa ukuta atazame."

"Mwambie atoke."

"Mwambie wewe mwenyewe. Si ni mgeni wako?"

Machogu akapaza sauti, "Mwalimu. Toa huo ufunguo. Dakta anakuja na gari. Yeye hana mama mkwe hapa."

Saa ya Seiko mkononi mwa Obwocha ilisoma saa tisa kasoro dakika mbili. Mtego ulikuwa umekamilika. Hakuwa na risasi wala redio. Redio ilikuwa ndani ya Land Rover yake, aliyoificha kwenye mikaratusi nusu kilomita kutoka pale. Alichobaki nacho ni mdomo.

"Ombati," alisema akiwa bado ameuelekea ukuta, "kwa nini mlichagua saa kumi?"

"Unajua. Zamu moja inatoka, nyingine haijaingia. Kiwanda kinakuwa kitupu. Tunavunja mashine, hatuui mtu."

"Nani alikuambia kinakuwa kitupu?"

"Dakta alichunguza."

"Wewe umewahi kufanya kazi humo hata siku moja?"

Viatu vya Machogu vilisogea hatua moja uani.

"Majani yakishasagwa yanaanza kuchachuka, na hayamngoji mtu. Hakuna anayeondoka kwenye mashine mpaka mwenzake asimame hapo. Zamu zinakabidhiana ndani, Ombati. Saa kumi ndipo kiwanda kinajaa mara mbili. Watu mia moja na sitini."

"Unatafuta kuokoa roho yako."

"Natafuta, ndiyo. Lakini nasema kweli."

Esnah aliacha maharagwe. "Zamu gani hizo? Mnavunja nini?"

Obwocha alizidi kuutazama ukuta.

"Hata mimi nimepeleka majani pale," Esnah alisema polepole. "Saa kumi huwezi kupita mlangoni. Baba Abigael alikuwa akisema ni kama kutoka kanisani siku ya ubatizo."

Obwocha alijua Machogu anahesabu.

"Muulize Dakta mwenyewe," alisema. "Akifika, muulize kabla hajaniua."

Saa tisa na robo. Saa tisa na dakika ishirini. Ukuta ulikuwa na ufa mwembamba na Obwocha aliujua wote kutoka juu hadi chini. Aliogopa. Aliwafikiria wale watu mia na sitini, kisha akajifikiria yeye, na akaona aibu kwamba alijifikiria zaidi.

Peugeot 404 ilinguruma njiani, ikazima. Mlango wa gari ukabamizwa.

"Yuko wapi?" Ilikuwa sauti ya Werner. Kiswahili chake kilikuwa safi kama nguo iliyopigwa pasi.

"Ndani. Dakta, saa kumi watu watakuwa wametoka?"

"Hatuna wakati wa semina, Machogu."

"Watakuwa wametoka?"

Werner alishusha pumzi. "Ukivunja mashine, serikali italeta nyingine. Wakifa watu, nchi itaamka. Ulitaka mapinduzi au ulitaka kubomoa vyuma? Nimekusaidia kuamua."

Viatu vyake viliingia sebuleni. Obwocha alisikia kizuizi cha usalama cha bastola kikifunguliwa. Browning, aliitambua kwa sauti.

Machogu akaja nyuma yake mbio. "Huko huingii! Ni kwa mama mkwe wangu!"

"Wewe ndiye uliyefundisha kwamba mila ni minyororo."

"Nilifundisha."

"Basi?"



Esnah aliinua sauti, kwa Kiswahili safari hii, ili mgeni asikie vizuri. "Wewe mzungu! Hii nyumba ni yangu. Ukiguza hiyo pazia, hutatoka na heshima yako."

Werner alicheka, akashika pazia.

Kitako cha AK-47 kilimpiga begani. Browning ikafyatuka, risasi ikatoboa bati. Werner akaanguka mbele, akalivuta pazia chini pamoja na fimbo yake. Obwocha aligeuka, akaruka, akakanyaga kifundo cha mkono wenye bastola, akampiga ngumi moja ya taya. Moja ilitosha.

Aliinua macho akijua kwamba bunduki ya Machogu sasa iko juu yake.

Haikuwa. Pazia lilikuwa limeanguka na chumba cha mama mkwe kilikuwa wazi. Machogu alikuwa amegeuzia uso ukutani, bunduki ikining'inia mkononi.

Obwocha aliichukua taratibu.

Saa tisa na dakika arobaini na nne, Land Rover iliingia kiwandani honi ikilia, watu wawili wamefungwa pingu kwenye chuma cha kiti cha nyuma. "Wote nje!" Obwocha alimpigia kelele karani wa mizani, Obadiah. "Wote, na majani yaharibike!" Kisha akalala chali chini ya boila, jasho likimwingia machoni. Ufunguo ukageuka. Saa ilisimama ikiwa imebaki dakika sita.

Alirudi kwenye gari, akachukua redio, akaita makao makuu.

"Mnara, hapa Chui. Moto umezimwa. Nina wawili. Badili."

"Hongera, Chui. Mgeni tunamtaka Nairobi. Mwenyeji asifike Kisii. Barabara ina kona nyingi, watu hujaribu kutoroka. Umepokea? Badili."

Machogu alikuwa amesikia kila neno. Hakuomba. Alitazama magoti yake tu.

"Nimepokea," alisema Obwocha, akazima redio.

Alimfungua Machogu kwenye kiti, akamshusha, akamsimamisha juani mbele ya zamu mbili na foleni nzima ya wakulima wenye vikapu.

"Huyu ni Ombati, mtoto wa Machogu," alisema kwa sauti. "Alitaka kuwafanyia ubaya mkubwa, na atajibu mahakamani. Mnamwona?"

"Tunamwona," walijibu wachache.

"Ana jeraha?"

"Hana!" Sasa walijibu wengi.

"Anataka kutoroka?"

Mwanamke mmoja alitua kikapu chake, akaja mbele. Alikuwa Abigael. Alimtazama mumewe kwa muda mrefu. Machozi yalikuwa yakimtoka na hakuyafuta.

"Hatoroki," alisema. "Unampeleka wapi?"

"Kituo cha Kisii. Kesho asubuhi njooni mwulize yuko wapi. Njooni wengi."

"Kesho ni Ijumaa," alisema Abigael. "Tutafika mapema, tuwahi kurudi kabla Sabato haijaanza jioni."

Land Rover ilipanda barabara ya Kisii polepole, ikipita katikati, taa zikiwaka mchana. Nyuma, Werner alilalamika kuhusu bega lake na hakuna aliyemsikiliza.

"Watakufukuza kazi, Mwalimu," Machogu alisema mwishowe.

Obwocha alibadilisha gia kwenye kona.

"Nina ekari moja na nusu ya chai kule Nyamira," alisema. "Majani yamekomaa na hakuna wa kuyachuma."