Zuio la Mahakama

Asubuhi chuo kilipofungwa, wanafunzi walijazana langoni wakisukumana kusoma tangazo. Katika msukosuko huo Mboni, na baibui lake jipya na kiatu chenye kisigino, akamkanyaga kijana mmoja kidole.

"Dada, hicho kidole nilikuwa bado nakitumia."

"Ungekitoa njiani basi, kaka."

Kijana mwenyewe, shati jeupe limenyooka kwa pasi, alikuwa Msafiri wa mtaa wa Nguvumali, mwenyekiti wa wanafunzi. Adhuhuri haijaadhiniwa, namba ya simu ya Mboni anayo.

Tangazo lilikuwa zito. Chuo chao cha ualimu kilikuwa kipya, na digrii zake zilitolewa na chuo kikuu kimoja cha bara. Sasa chuo kikuu kimesema hakikitambui tena, na chuo kinakwenda mahakamani. Ila wanafunzi wote walikaribishwa wakamalizie masomo huko huko bara. Mboni alitaka kwenda. Kwao Maramba baba yake, mkulima wa mihogo, alikwisha kuanza kumwita mwalimu mbele za watu.

Lakini mapenzi nayo yalikuwa yanakolea. Kila jioni simu ililia Makorora, nyumbani kwa shangazi yake alikokuwa akikaa.

"Mboni wangu, umekula?"

"Nimekula."

"Umekula nini?"

"Maneno yako. Yamejaa sukari, yatanitia maradhi."

Wanafunzi walipokutana, Msafiri aliwaambia kwamba huko bara ni mtego. Waungane na chuo kwenye kesi, mahakama itaweka zuio, uamuzi wa chuo kikuu usimame, nao watasomea hapa hapa Tanga. Ulimi wa kijana yule ungemtoa nyoka pangoni. Wakasaini wote, Mboni wa kwanza, isipokuwa Jenifa, binti wa Kilutheri kutoka Lushoto, aliyefunga begi lake akaenda.

Zuio likatoka kweli. Likasema kila kitu kibaki kama kilivyo, na lango lilikuwa limefungwa. Wanafunzi hawakuweza kusoma wala kuhamishwa. Kesi ikaahirishwa, jaji akahamishwa, ikaanza upya. Mboni akawa anakaanga vitumbua na shangazi yake. Masika ya pili baba yake akafa, bado anamwita mwalimu.

Mwisho chuo kikashindwa. Siku ya hukumu Jenifa alimpigia Mboni kumpa pole, na nyuma yake zikasikika kelele za darasa alilokuwa akifundisha. Msafiri alipofika alimkuta Mboni kajiinamia barazani, analia. Dhamiri ikamsuta.

"Mboni, mimi nilijua," akasema. "Wakili aliniambia mapema, zuio litatufunga sote. Nikaona bora tufungwe pamoja. Ungekwenda bara ningekukosa."

"Ukanyamaza."

"Nilikuwa nakupenda."

"Baba yangu kafa ananisubiri, Msafiri. Na wewe siku zote hizo ulikuwa unanipenda."

Akaingia ndani. Simu zake hakuzipokea tena, ingawa kila ilipolia aliishika mpaka ikanyamaza yenyewe. Uchungu wa kumpenda mtu aliyekuumiza hauna dawa dukani.

Msafiri hakukata tamaa, akatuma posa. Wazee wakaja Makorora na kanzu zao, wakaketishwa sebuleni, wakapewa kahawa. Baba mdogo wa Mboni, mzee Uweso, akaingia chumba cha ndani kumuuliza. Desturi ni kwamba mwari huulizwa, na akinyamaza amekubali, maana haya haimruhusu kutamka.

"Mwanangu, Msafiri anakutaka. Wasemaje?"

Mboni akainamisha kichwa, anasokota ncha ya leso. Moyo wake ulimtaka, tena ulimtaka sana. Kunyamaza tu kungetosha. Shangazi alikwisha kuvuta pumzi, tayari kwa kigelegele.

"Baba," Mboni akasema, na sauti yake ikasikika mpaka sebuleni, "waambie nampenda. Halafu waambie hapana."

Mzee Uweso akabaki kasimama mlangoni, kashika pazia. Huko nje wageni waliweka vikombe chini, mmoja baada ya mwingine.