Nywele za Éider Mbele ya Majaji

Wasomaji wote wasimame: mahakama inaingia. Haya, kaeni. Kesi ya leo ni ya nywele.

Mchana wa jua kali, kwenye ngazi za mahakama ya mji wa Cali, Lizeth Quintero alikuwa akikimbia ndani ya koti jeusi la kuazima, gauni la manjano likichungulia chini yake. Akamgonga kijana aliyekuwa akila chontaduro, tunda linalouzwa pale nje kwa chumvi na asali. Asali ikamwagikia jalada la Lizeth. Kijana akaipangusa kwa ncha ya nywele zake, zilizomfika kiunoni.

"Samahani, daktari."

Huko Cali, yeyote mwenye jalada mkononi huitwa daktari.

"Mimi bado mwanafunzi wa sheria."

"Basi nusu daktari. Nusu inanitosha, mradi ni ya bure."

Kijana huyo, Éider Caicedo, alisomea upishi, na chuo kilimkataza kupanda jukwaani siku ya mahafali mpaka anyoe. Naye alikuwa ameweka nadhiri kwa Bwana wa Miujiza wa kanisa la Buga: asiguse nywele mpaka mama yake, aliyepooza, asimame tena. Lizeth akamwandikia ombi, kesi yake ya kwanza maishani. Hakimu wa kwanza akalikataa. Wa pili akalikataa kwa adabu zaidi. Majaji wa juu huko mji mkuu, Bogotá, wakakubali kulitazama, watakapopata nafasi.

Katika kuwasubiri, wawili hawa wakapendana. Tungemlaumu nani?

"Mteja wangu, unafanya nini?" Lizeth aliuliza kwenye simu.

"Nachana ushahidi."

"Usiukate hata unywele mmoja, mpenzi. Ukinyoa, majaji watasema hakuna kesi tena."

"Nitanyoaje na wewe umezizoea hivi?"

Siku ya mahafali, Lizeth akaona picha kwenye simu. Éider jukwaani, kofia nyeupe ya mpishi, kichwa kama yai. Akapiga.

"Umenyoa."

"Lizeth, nisikilize. Leo asubuhi mama..."

"Usimsingizie mama yako. Nimekosa usingizi kwa ajili ya nywele zako, wewe umeziuza kwa kofia."

Akakata, akaizuia namba yake. Kiburi alikuwa nacho kingi, wala hakikuwa cha kuazima kama koti.

Mwaka ukapita na ushei ndipo majaji wakapata nafasi. Wakatamka kwamba Éider alikuwa na haki na chuo kilikosea. Ila sherehe imekwisha, nywele zimekatwa, hawana cha kuamuru. Lizeth akaifungua ile namba.

Walikutana kwa muuza chontaduro. Lizeth alivaa tena gauni la manjano, kwa makusudi. Nywele za Éider zilikuwa zimefika shingoni.

"Tumeshinda," Lizeth alisema, akimpa hukumu.

"Tumeshinda nini?"

"Hakuna kitu. Lakini tumeshinda."

Wakacheka.

"Asubuhi ile mama alisimama," Éider alisema. "Alishika friji, akatembea mpaka mlangoni, akaomba mkasi. Alizikata mwenyewe. Nilitaka wewe uwe wa kwanza kujua."

Lizeth alitazama viatu vyake. "Ungenipigia tena."

"Nilipiga mpaka mama akanificha simu."

"Éider, mimi bado..."

"Ninaoa Jumamosi, daktari."

Alilitamka lile jina bila utani, kama wanavyolitamka wateja wengine wote.

"Hongera," Lizeth alisema. "Na hizi nywele? Nadhiri nyingine?"

"Hapana. Mchumba wangu anazipenda ndefu."

Éider akanunua matunda mawili na kummiminia Lizeth asali kwenye lake bila kuuliza, kama alivyozoea. Tone likaangukia hukumu ya majaji wa Bogotá, likasambaa taratibu juu ya majina yao. Safari hii hakuna aliyelipangusa.